Picha za familia zisikae kwenye diski moja



Katika nyumba nyingi za hapa Bukavu kompyuta ilinunuliwa kwa ajili ya masomo ya mtoto mmoja, halafu polepole ikawa sanduku la nyumba nzima. Humo humo kuna picha za harusi ya dada, video ya ubatizo, sauti na sura ya baba aliyefariki, TFC ya kijana anayemaliza chuo, bulletin za watoto zilizopigwa skani, hesabu za likelemba na orodha ya wanachama wa kikundi. Cheti cha ndoa tunakifunga ndani ya plastiki na kukiweka chini ya nguo, na sanduku lina kufuli. Lakini ukimwuliza mama, «Mashine hii ikifa usiku wa leo, zile picha ziko wapi pengine?», mara nyingi anakaa kimya, au anasema ziko kwenye fleshi fulani ambayo mtoto alikwenda nayo shuleni.

Makala haya yanahusu kazi moja: kunakili mafaili kutoka diski ya kompyuta kwenda diski nyingine, nyumbani, bila kumwita mtu. Mimi ni mwalimu, si fundi wa mashine. Ninayoandika ndiyo ninayofanya na mitihani na matayarisho ya masomo yangu kila mwisho wa juma. Anayejua kutuma picha kwa simu anaiweza kazi hii. Inadai uvumilivu, na kujua mambo machache ambayo vijana wetu, kwa haraka zao, wanayaruka.

Ghala ndogo ya nyumba

Diski ngumu, ile ambayo mafundi wetu wa mjini wanaiita disque dur, ndiyo ghala ya kompyuta. Kioo kikipasuka kinanunuliwa kingine. Betri, kibodi na chaja, vivyo hivyo. Kilichoandikwa kwenye diski hakiuzwi dukani. Diski ya kwanza ya namna hii ilitengenezwa na IBM huko Marekani mwaka 1956. Ilikuwa na sahani 50, kila moja yenye upana wa karibu sentimita 61, sawa na ungo mkubwa, na yote hayo yalibeba herufi milioni 5 tu. Picha moja au mbili za simu ya leo zingeijaza.

Diski ya siku hizi inaingia katika kiganja, lakini kazi ni ileile. Sahani inazunguka mara 5,400 au 7,200 kwa dakika, na kichwa kidogo kinasoma kikiwa juu yake kwa nafasi ndogo mno kuliko unene wa unywele. Ndiyo sababu diski inayofanya kazi haiwekwi juu ya mto wa kitanda, wala pembeni ya meza ambapo mtoto anapita na kuvuta waya. Ikianguka inapozunguka, kichwa kinaweza kuikwaruza sahani, na hapo fundi wa mtaani hana dawa. Kuna aina mpya inayoitwa SSD ambayo haina sahani. Hiyo inakwenda haraka na inavumilia kugongwa, lakini nayo inakufa siku yake, mara nyingi ghafla.

Na sisi tuna sababu zetu za ziada. Huko Kadutu, nyumba za mbao zimebanana hata moto ukianza kwa jirani unafika kwako kabla hujatoa godoro, hasa wakati wa kiangazi. Umeme unaokatika na kurudi kwa nguvu unaunguza mashine. Wezi wanajua bei ya kompyuta ya mkononi. Halafu kuna siku za kukimbia. Ndugu zetu wa Goma waliona lava ya Nyiragongo ikipita katikati ya mji tarehe 17 Januari 2002, na tena mlima ukalipuka jioni ya tarehe 22 Mei 2021. Siku tano baadaye serikali ya jimbo iliamuru mitaa mingi ihamishwe, na watu wakaondoka kwenda Sake, Gisenyi, Minova, wengine wakapanda mashua mpaka hapa kwetu. Mtu aliyebeba mtoto mgongoni na furushi kichwani habebi kompyuta ya mezani. Diski ndogo inaingia ndani ya kitenge. Bora zaidi ni ile ambayo tayari iko kwa shangazi katika mji mwingine, kwa sababu hiyo hailazimiki kukimbia.

Kunakili na kukata

Hapa ndipo nataka tukae kidogo, kwa sababu ndipo watu wengi wanapopoteza.

Kompyuta zetu karibu zote zinaongea Kifaransa, na zinatoa maneno mawili yanayofanana kwa mtu mwenye haraka. «Copier» ni kunakili: faili linabaki pale lilipo, na la pili linazaliwa upande mwingine. «Couper» ni kukata: baada ya kubandika, la kwanza linaondolewa. Yote mawili yanamalizika kwa «Coller», yaani kubandika, na kwa macho matokeo ni yaleyale: umefungua diski ya nje na picha zinaonekana pale. Mwanafunzi akinakili somo kutoka ubaoni, somo linabaki ubaoni na daftari linapata lake. Kukata ni kama mwanafunzi anayeandika huku akifuta ubao nyuma yake. Daftari likipotea, somo limekwisha.

Tuseme kompyuta imejaa. Kijana wa nyumbani anasema atahifadhi picha, anazikata zote na kuzibandika kwenye diski mpya, kompyuta inapumua, kila mtu anafurahi. Mama anaambiwa picha zimehifadhiwa. Kwa kweli zimehamishwa tu. Bado ziko mahali pamoja, tena sasa mahali hapo ni kitu kidogo kinachozunguka katika mifuko ya watoto. Kuhifadhi maana yake ni faili lilelile kuwa sehemu mbili kwa wakati mmoja. Kama kompyuta imejaa na ni lazima uondoe picha, basi nunua diski mbili, au acha picha mpaka utakapoweza. Najua kwamba diski mbili ni pesa. Vikundi vingine vinaweza kuiweka katika zamu ya likelemba, kama tunavyonunuliana masufuria.

Kwa hiyo sheria ya nyumba iwe hii: siku ya kuhifadhi, hakuna kukata. Kwenye kibodi, kunakili ni Ctrl na C pamoja, kubandika ni Ctrl na V. Ctrl na X ni kukata, na herufi X iko jirani kabisa na C, basi tazama kidole chako. Ukikata, picha ndogo za mafaili zinafifia rangi kwenye kioo. Ukiziona zimefifia, bonyeza kitufe cha Esc kilicho pembeni juu na uanze upya.

Wengine wanapenda kuburuta kwa kipanya. Inafaa, ila ujue kwamba Windows ina tabia mbili. Ukiburuta folda kutoka diski ya ndani kwenda diski ya nje, inanakili. Ukiburuta kutoka sehemu moja kwenda nyingine ndani ya diski ileile, inahamisha. Mama aliyezoea ya kwanza anashangaa siku ya pili folda imepotea kwenye Documents, kumbe iko tu mahali pengine ndani ya mashine ileile.

Kabla ya kuchomeka waya

Anza na kutafuta vitu vyako. Picha na maandishi ya nyumbani huwa yametawanyika sehemu tano: Bureau, Documents, Images, Vidéos na Téléchargements. Hiyo ya mwisho ndiyo jalala la nyumba, na ndimo mara nyingi tunamokuta barua ya kazi au kitambulisho kilichotumwa na ndugu. Fungua kila moja. Usijisumbue kunakili programu kama Word au Excel zenyewe. Folda ya programu ukiibandika kwenye mashine nyingine haifanyi kazi, inakula nafasi tu. Kazi zako ndizo zinazohitaji kuokolewa.

Angalia pia kimshale kidogo kwenye kona ya picha ya folda. Kimshale hicho kinasema kwamba hiyo si folda, ni njia ya mkato inayoelekeza kwenye folda, «raccourci». Ukiinakili umebeba kibao cha njia na kuacha nyumba nyuma. Mtu anakwenda na fleshi yake mpaka kwa mchapishaji, anafungua, na hakuna TFC. Faili la kweli la picha lina uzito wa Mo kadhaa, raccourci ina Ko moja au mbili. Uzito unakuambia ukweli.

Kwenye diski mpya tengeneza folda kwa mwaka na kwa chanzo: «2023 simu ya mama», «2023 simu ya baba», «2024 harusi». Siyo mapambo. Simu mbili zinaweza kuzipa picha mbili tofauti jina lilelile, na ukizimwaga zote ndani ya folda moja, kompyuta itauliza kama unataka «Remplacer» au «Ignorer». Mtu aliyechoka anabonyeza Remplacer, na picha ya mtoto wa kwanza inafunikwa na picha ya mbuzi. Folda tofauti, ugomvi hakuna.

Halafu uzito wote. Bonyeza folda kwa kitufe cha kulia cha kipanya, chagua «Propriétés», soma mstari wa «Taille». Linganisha na nafasi iliyo wazi kwenye diski ya nje. Usishtuke kuona diski uliyoambiwa dukani ni ya Go 500 inaonyesha 465 tu, au ya To 1 inaonyesha Go 931. Muuzaji hajakuibia hapo: mtengenezaji anahesabu kwa elfu na Windows inahesabu kwa 1,024, na tofauti inakuwa kubwa kadiri namba inavyopanda.

Muda, umeme na subira

Kazi hii usiianze saa ambayo delestaji inajulikana kufika. Kompyuta ya mezani isiyo na betri inazimika papo hapo, na faili lililokuwa njiani linabaki nusu. Kwenye kompyuta ya mkononi, jaza betri kwanza, kisha acha chaja imechomekwa. Mwenye sola achague mchana wa jua.

Muda unategemea waya na tundu. Tundu la zamani la USB 2.0 linapitisha kama Mo 30 kwa sekunde, na tundu la USB 3.0, ambalo mara nyingi ulimi wake wa ndani ni wa bluu, linaiacha diski ya kawaida iende kwa mwendo wake wote, karibu Mo 100 kwa sekunde. Kwa hiyo Go 100 za picha na video zinachukua kama saa nzima kwenye la kwanza, na robo saa na kidogo kwenye la pili. Hiyo ni kwa mafaili makubwa. Picha elfu kumi ndogo ndogo zinakwenda polepole kuliko video moja yenye uzito uleule, kwa sababu kila faili linafunguliwa, linaandikishwa na kufungwa, kama kupitisha wanafunzi mlangoni mmoja mmoja kwa kuitwa majina. Dakika zinazoonyeshwa kwenye kioo zinapanda na kushuka. Usizisikilize. Pika chakula, rudi baadaye.

Ikiwa umeme umekatika katikati, usikate tamaa na wala usifute kitu. Asili iko palepale kwa sababu ulinakili, hukukata. Washa, futa upande wa diski ya nje lile faili la mwisho lililobaki nusu, anza tena kubandika, na safari hii ukiulizwa chagua Ignorer ili yaliyokwisha kufika yasirudiwe.

Kikwazo kimoja kinawasumbua watu wa video. Fleshi nyingi zinatoka dukani zikiwa zimepangwa kwa mtindo wa zamani unaoitwa FAT32, na mtindo huo haupokei faili moja linalofikia Go 4, hata kama fleshi ni ya Go 64 na iko tupu. Video ya harusi ya saa tatu inakataliwa, na kompyuta inasema «Le fichier est trop volumineux pour le système de fichiers de destination». Mama anafikiri fleshi ni mbovu anaitupa. Dawa ni kuipanga upya fleshi kwa mtindo wa exFAT, lakini kupanga upya, yaani «Formater», kunafuta vyote vilivyomo. Kwa hiyo toa kwanza vilivyomo, uviweke pengine, ndipo upange.

Neno hilo Formater liogopwe kama mto Ruzizi wakati wa mvua. Ikitokea siku umechomeka diski yenye picha zako na kompyuta inasema ni lazima iformatiwe kabla ya kutumika, jibu «Annuler», toa diski, jaribu waya mwingine, jaribu kompyuta nyingine. Mara nyingi waya ndio mgonjwa.

Jambo jingine ni virusi vya sibakafe na vya duka la kuchapisha. Vile vinavyojulikana zaidi kwetu vinaficha folda zako na kuweka mahali pake raccourci zenye jina lilelile. Mtu anaona vimshale, anabofya, na kwa kubofya huko virusi vinaingia katika kompyuta yake. Mafaili kwa kawaida yapo bado, yamefichwa tu. Usibofye, usiformati. Pitisha kwanza kinga ya virusi, Windows ya siku hizi inayo yake ndani, kisha kwenye kichupo cha «Affichage» weka alama kwenye «Éléments masqués» ili yaliyofichwa yaonekane. Yakikataa kuonekana, hapo mwite mtu anayejua. Na fleshi inayokwenda mjini iwe ya mjini tu: diski ya familia isichomekwe kamwe kwenye mashine ya duka.

Fungua uone

Sasa mstari wa kijani umefika mwisho na dirisha limejifunga. Watu wengi wanachomoa hapo. Mimi ningesema nusu ya kazi ndiyo imebaki, na ndiyo nusu fupi.

Kwanza linganisha. Propriétés ya folda ya kompyuta, Propriétés ya folda ya diski: idadi ya mafaili iwe moja, na Taille iwe moja. Tazama mstari wa Taille, achana na ule wa «Taille sur le disque», kwa sababu huo unaweza kutofautiana kati ya diski mbili bila kasoro yoyote. Kama idadi ni 2,418 huku na 2,411 kule, tafuta saba zilizobaki leo, wakati asili bado ipo.

Pili, fungua. Chukua picha ya kwanza, ya katikati na ya mwisho. Cheza video, na usogeze mpaka dakika zake za mwisho, kwa sababu faili bovu linaweza kuanza vizuri likakwama mbele. Fungua hesabu za kikundi mpaka uone jumla. Zifungue kutoka kwenye diski ya nje yenyewe, na kama una jirani mwenye kompyuta unayemwamini, zifungue kwake. Faili ambalo halijafunguliwa bado ni ahadi.

Ndipo utoe diski kwa adabu: pale chini kulia karibu na saa kuna alama ndogo ya waya wa USB, ubofye, uchague kuéjecter, ungoje ujumbe wa ruhusa, kisha uchomoe. Kompyuta wakati mwingine inasema imemaliza kuandika huku bado inamwaga ya mwisho. Taa ya diski ikiwa inapepesa, mkono ukae mbali.

Ikae kwa nani?

Mpiga picha Mmarekani Peter Krogh alieneza kanuni ambayo wenye kumbukumbu nyingi wanaifuata: nakala tatu, kwenye vyombo vya aina mbili, na moja kati yake iwe nje ya nyumba. Kwetu nakala tatu zinaweza kuwa kompyuta, diski ya nje na fleshi kubwa ya yale ya lazima tu. Kutunza kwenye intaneti kunasaidia kwa karatasi chache, vyeti na hesabu, lakini kupandisha Go 100 kwa megabaiti tunazonunua kwa siku ni kuchoma pesa.

Ile ya nje ya nyumba ndiyo inayozaa mjadala. Kuiweka katika droo ya meza palepale kompyuta ilipo hakusaidii siku ya moto wala siku ya mwizi, kwani vinaondoka pamoja. Mpe mama mkubwa, dada, au mwenzako wa kikundi anayekaa mtaa mwingine, na wewe utunze ya kwake. Ifunge kwa kitambaa, kisha ndani ya plastiki, mbali na unyevu na jiko. Bandika karatasi yenye tarehe ya mara ya mwisho uliponakili. Kila baada ya miezi mitatu mnakutana, mnabadilishana, mnaongeza mapya. Diski iliyokaa miaka minne bila kuwashwa usidhani ni nzima mpaka uione inawaka.

Hapa kuna jambo la kikundi ambalo si la mchezo. Baadhi yetu tunatunza majina ya wamama waliokuja kuomba msaada baada ya kutendewa ukatili, pamoja na simu zao na mitaa yao. Orodha kama hiyo ikinakiliwa wazi kwenye diski inayozunguka, mtu mmoja mbaya anatosha. Kabla ya kuinakili ifungwe kwa neno la siri. Programu ya bure ya 7-Zip inaweza: unachagua folda, unaagiza ifungwe, unaandika neno la siri refu, na kinachonakiliwa ni kile kilichofungwa. Neno lenyewe lijulikane na wawili, mwenyekiti na katibu, maana likisahauliwa orodha imepotea kwa kila mtu.

Mashine iliyokufa

Wamama wengi wana kompyuta iliyokufa juu ya kabati, na wameshalia juu ya picha zake. Ngojeni kwanza. Kompyuta ikikataa kuwaka, mara nyingi kilichokufa ni kioo, sehemu ya umeme au kadi kuu, na diski ndani ni nzima. Kwenye kompyuta nyingi za mkononi za zamani diski inatoka kwa kufungua skrubu chache chini yake. Inawekwa ndani ya kikasha kidogo chenye waya wa USB, «boîtier», ambacho mafundi wa mjini wanauza, kisha inachomekwa kwenye kompyuta nzima kama diski yoyote ya nje. Unatafuta folda ya «Utilisateurs», ndani yake jina la mwenye mashine. Kompyuta inaweza kusema huna ruhusa. Bonyeza «Continuer» na ungoje. Kuanzia hapo kazi ni ileile: Copier, Coller, hesabu, fungua. Mashine mpya zaidi zina SSD yenye umbo la kijibao chembamba inayohitaji boîtier ya namna nyingine, na chache zina diski iliyounganishwa moja kwa moja na kadi kuu; hizo mwachie fundi.

Lakini diski ikitoa sauti ya kugonga, ta-ta-ta, izime. Kila dakika ya kuendelea inaweza kuikwaruza zaidi. Usiigonge, usiiweke kwenye friji kama wengine wanavyoshauri.

Ukilazimika kwa fundi, kaa naye mpaka amalize. Tumesikia vya kutosha habari za picha za wasichana zilizotoka kwenye simu na kompyuta zilizoachwa siku mbili dukani. Fundi mwema hachukii mama akivuta kiti.

Na kabla ya kuuza kompyuta ya zamani, ujue kwamba kutupa picha kwenye «Corbeille», hata kuiformati kwa haraka, hakuzifuti kweli. Kompyuta inaondoa majina kwenye orodha yake na kuacha picha zenyewe mpaka nafasi iandikwe kitu kingine, na programu za kuzirudisha zinapatikana bure. Kwenye Windows 10 na 11, ndani ya «Paramètres», kuna njia ya kurudisha mashine kama mpya, na humo chagua kufuta vyote pamoja na kusafisha diski. Inachukua saa kadhaa. Asiyeweza kungoja auze mashine bila diski, na diski aibaki nayo.